Nilidai vibarua tuitwe jina kwa jina, mwenzangu akakosa jasho lake

Wakuu, salamu kwenu. Leo nimeshindwa kutulia, ngoja niliteme hili. Siongezi chumvi, na pale nilipokosea nitasema mwenyewe.

Miaka ya tisini, Mpanda bado tuko mkoa wa Rukwa. Nilikuwa kijana wa Makanyagio, kibarua wa barabara kwenye ofisi moja ya serikali. Jina la ofisi niachieni.

Kazi ilikuwa ya kipande. Asubuhi foromani anakupimia mtaro kwa fimbo, ukimaliza kuchimba anaweka alama kwenye orodha, unaenda zako. Malipo mwisho wa mwezi.

Tulilipwa mwezi wa kwanza tu. Mitatu iliyofuata kila siku ni "fungu halijaja".

Nilikuwa nachimba na Nestori, mtu wa Katumba, kwenye makazi ya wakimbizi wa Burundi. Enzi hizo kutoka makazini lazima uwe na kibali, na yeye hakuwa nacho.

Sasa mdogo wangu aliandikishwa kibarua, siku ya pili akakimbilia Sumbawanga. Nestori akaingia kwa jina lake. Foromani alijua na akakubali, maana jamaa alimaliza vipande viwili wakati mimi nahema kwenye kimoja.

Nestori alikuwa na haraka na ile pesa. Baba mkwe alishamchukua binti yake mpaka mahari imaliziwe. Kila tukipumzika ananiuliza, "Kaka, wiki hii watatoa?"

Tukagoma. Tukaenda kukaa uwanja wa ofisi, watu kama arobaini. Bosi akatoka, akasema malipo yamekwama kwa sababu orodha imejaa majina hewa.

Aisee, nilipandwa na hasira! Nikasimama mbele ya wote: "Mkubwa, sisi wote tupo! Leta mkaguzi, tuitwe jina kwa jina, kila mtu na barua ya balozi wake wa nyumba kumi!"

Watu wakashangilia. Nikajiona mwamba kweli. Nestori akanivuta shati, nikadhani ni woga tu, nikautoa mkono wake.

Bosi akakubali haraka mno. Ningeshtuka hapo hapo, lakini wapi, sifa zilishanijaa.

Wiki iliyofuata mkaguzi kaja. Nikaitwa, nikaonyesha barua, nikalipwa miezi yangu yote mitatu. Likafuata jina la mdogo wangu. Nestori akaitika. Akaulizwa jina la baba, akamtaja baba yangu bila kukosea. Akaulizwa barua. Hana.

Mkaguzi akanigeukia, maana kwenye orodha ubini wetu ni mmoja. "Huyu ni mdogo wako?"

Foromani anaangalia pembeni. Pesa iko mfukoni mwangu. Nikawaza, wakijua nilihusika wataninyang'anya, na polisi juu.

Nikasema, "Hapana, mzee."

Wakuu, ningeweza kusema jina si lake lakini mtaro kauchimba yeye. Ingetosha, au isingetosha, sijui. Sikusema. Jina likakatwa, bosi akatikisa kichwa kama mtu aliyekuwa anasingiziwa.

Nilimkimbilia Nestori njia ya Katumba, nikamwambia tugawane yangu. Hakupokea. Hakunitukana pia. Alisema tu, "Kaka, uliposema sisi wote, si ungeniuliza na mimi kwanza?"

Mkewe hakurudi. Baadaye nilisikia kaozwa kwa mtu mwingine.

Nilichojifunza: bosi alitudhulumu, hilo halibadiliki, na tulikuwa na haki ya kudai. Ila ukitaka kuwasemea watu, kaa nao kwanza ujue nani ataumia. Katika kila kundi la vibarua yupo mmoja ambaye karatasi zake hazijakaa sawa, na mara nyingi ndiye anayefanya kazi kuliko nyie wote.

Waliowahi kuwa vibarua wa serikali, semeni: ungekuwa wewe, mkaguzi ungemjibu nini? Msinipambe. Mimi jibu nilishalipata, tena zuri tu, na halimsaidii Nestori.