Dawa ya Maji ya Jakuzi

Nilirudi kazini Jumatatu, baada ya kumzika mume wangu kwao Musanda. Nafanya kazi kwenye nyumba ya wageni hapa Kakamega mjini, na uani kuna jakuzi, lile beseni kubwa la maji moto. Meneja wetu alinishika mkono.

"Pole sana, mama. Kama bado, rudi nyumbani upumzike."

"Nyumbani nitafanya nini?"

Basi akanieleza kilichotokea nikiwa matangani. Aliyenishikia kazi alikuwa akimimina kwenye jakuzi dawa ya kung'arisha nguo nyeupe. Mgeni mmoja, mama aliyekuja harusini, alitoka majini macho mekundu, vipele kifua kizima. Maji yote yakamwagwa.

Tulikwenda pamoja kwenye duka la kemikali. Muuzaji akatuwekea mikebe miwili.

"Hii klorini ndiyo watu wananunuanga," akasema. "Lakini tembe hizi ni za bwawa la kuogelea. Kwa maji moto ni kali, na joto huzimaliza upesi. Hii nyingine ni bromini, inavumilia joto. Ila msizichanganye kabisa, hata kwenye ndoo moja. Zinaweza kulipuka."

Meneja akanigeukia. "Wewe ndiwe utakayeitia. Unaonaje?"

Nikaitazama mikebe. Siku hizo zote watu walikuwa wakinitaka nichague: jeneza, suti ya kumvisha, picha ya kuweka mbele. Nilijibu yote, na sikumbuki sauti yangu ilivyokuwa.

"Bromini," nikasema.

Tulisugua beseni, tukajaza maji mapya, tukatia dawa kama mkebe ulivyoelekeza, tukaacha mashine iyazungushe. Nilipochovya kijikaratasi cha kupimia, rangi ilionyesha maji ni salama.

"Oga, kisha uingie wewe kwanza," meneja akasema. "Leo hakuna mgeni."

Niliingia na leso yangu. Ngozi ilijua maji ni moto. Mimi nilikuwa kama nimesimama kando. Meneja aliketi ukingoni, miguu ndani ya maji.

"Macho yanawasha?"

"Hapana."

"Ngozi je?"

"Hapana."

"Na wewe mwenyewe?"

"Sisikii kitu," nikamwambia.

Hakunihimiza nilie, wala hakuniambia ni mapenzi ya Mungu. Alikaa tu.

Wageni walikuja mwisho wa wiki, wakaingia majini, na hakuna aliyelalamika. Siku hizi napima maji kila asubuhi. Machozi bado hayajaja.