Kuanguka Kabla ya Kutembea

Mama yangu alifundishwa kuanguka kabla ya kufundishwa kutembea. Polio ilimshika utotoni, Unguja, miaka ya hamsini, ikamwachia mguu wa kulia usio na nguvu. Hospitali wakamfunga chuma kutoka pajani hadi kiatuni, wakampa magongo. Lakini nesi hakumruhusu kupiga hatua mpaka ajue kuanguka. Watoto walisimamishwa mbele ya godoro la sufi: tupa magongo kando yasikuumize, pokea ardhi kwa viganja, kisha inuka mwenyewe. Aliyelia aliachwa alie, halafu akarudia.

Haya nimeyasikia maisha yangu yote. Mwaka huu nimeyaona.

Sasa Mama anaishi ng'ambo ya bahari, mbali na Unguja, peke yake mtaani Aija, ukivuka daraja la mji wa Sur. Siku moja jirani alimkuta sakafuni, akampigia simu mjomba wangu, mdogo wake mama, aliyeko Nizwa. Mjomba akaja na kiti cha magurudumu na uamuzi tayari: nyumba ifungwe, dada yake ahamie kwake.

"Dada, umeanguka," alisema, kama anayetoa mkono wa taazia.

"Nimeanza leo? Unguja ulikuwa ukinicheka."

"Sasa mtu mzima. Wallahi utavunjika!"

Akanigeukia mimi, niliyesomea tiba ya viungo, nimwunge mkono. Nikamwambia ukweli: misuli iliyotumikishwa miaka yote hiyo yataka kupumzishwa, na kiti kitamfaa kwa mwendo mrefu. Ama kuhama, hilo ni shauri lake mwenyewe.

Mama akasimama katikati ya zulia. Akatupa magongo huku na huku, akaanguka.

Mjomba alipiga ukelele, akaruka kumshika. Nikamzuia kwa mkono. Mama, kifudifudi, akavuta gongo moja karibu, akarudisha viganja nyuma kidogo kidogo mpaka mwili ukawa kama tao, akajisukuma juu kwa lile gongo. Alichukua muda mrefu, akihema. Aliposimama, akatengeneza mtandio wake.

"Yule jirani alinikuta napumzika," alisema. "Angengoja kidogo, ningemmiminia kahawa."

Mjomba akakitazama kiti alichokileta. Kisha, kwa unyonge: "Na kiti?"

"Kiti niachie. Nyumba haifungwi. Na Jumatano utanipeleka Ibra, soko la wanawake watupu. Utanisukuma mpaka mlangoni, halafu utangoja nje."