Nilipoinamisha Macho Mbele ya Nesi

Siku ile haijanitoka, mwanangu. Vita vilikuwa vimeisha miezi michache nyuma, mwaka ule wa 1994, na sisi tuliobaki hapa Nyamirambo tulikuwa tunazunguka Kigali kutafuta watu wetu. Dada yangu aliuawa pamoja na mumewe. Binti yao Zuhura, mtoto wa miaka mitatu, nilimkuta kule Kacyiru, kwenye nyumba walikokusanywa watoto waliobaki peke yao.

Aliyewatunza alikuwa nesi Mwingereza, mama mtu mzima, na Kiingereza chake kilikuwa cha kizamani. Mkalimani wake, Kayitare, alikuwa kijana aliyekulia Uganda, ndiyo kwanza amerudi nchini. Zuhura alikuwa anakohoa. Nesi akampa dawa ya maji, akaiita “demulcent”. Kayitare hakulijua neno hilo, akauliza bila kuona aibu, kisha akanigeukia.

“Mama, hii dawa iko ya kulainisha koo. Itamtuliza.”

Laiti angeendelea kuuliza hivyo hivyo.

Nesi akataka kujua kama nitamchukua mtoto. Mimi, mwanangu, nililelewa kwamba mwanamke akiulizwa jambo zito mbele ya mgeni, anainamisha macho na kunyamaza, na waliopo wanaelewa kuwa amekubali. Nikainama, mikono mapajani. Nesi akanitazama, akamwuliza Kayitare swali fupi lenye neno “demur”. Kijana akatabasamu, akamjibu kwamba ndiyo, tena sana. Nesi akashusha pumzi, akanishika bega. Nikadhani ananipongeza.

Nikaambiwa niende nyumbani. Nilifikiri wanasubiri kikohozi kitulie. Nikamtandikia Zuhura karibu na cherehani yangu, nikaazima maziwa kwa jirani.

Asubuhi nilipofika, gari lilikwisha kuondoka na watoto wasio na ndugu, na Zuhura alikuwemo. Nesi alikwenda nao. Nilipiga ukelele pale mlangoni.

Kayitare akashangaa. “Lakini Mama, si ulikataa? Jana ulipoondoka, nesi aliniambia umekataa.”

“Nilikataa lini? Nilitamka neno gani?”

Akalikumbuka lile neno la nesi, akaenda kuleta kamusi yake. Nikamwona kidole kinasimama, kikashuka kidogo, kikasimama tena. Akanisomea. “Demure” ni mtu mwenye haya, mtulivu. “Demur” ni kupinga, kuonyesha kwamba hutaki.

“Nilifikiri iko neno moja,” akasema. “Nilitaka kukusifu, Mama. Unisamehe.”

Nilimsamehe. Tulimtafuta Zuhura pamoja, mlango kwa mlango, ofisi kwa ofisi, na tulipompata, baada ya miezi mingi, alikuwa Butare, kwa mama aliyepoteza watoto wake wote. Nikamwita, “Zuhura, mimi ni mama yako mdogo.” Akajificha nyuma ya sketi ya yule mwanamke na kulia, “Mama, Mama.” Haki ya kumchukua nilikuwa nayo. Moyo ulikataa kumwondoa mara ya pili. Nikawa namtembelea kama shangazi wa mbali, na siku ya harusi yake nilikaa kwenye viti vya wageni.

Sikuambii uwe mkavu wa macho, mwanangu. Waheshimu wakubwa, inama ukitaka kuinama. Lakini ukiulizwa jambo lililo moyoni mwako, jibu kwa mdomo: nakubali, au sikubali. Usimwachie mtu mwingine kazi ya kufasiri kimya chako. Nawe ukipewa kubeba maneno ya wenzio, uliza neno usilolijua, na lile unalodhani unalijua uliulize pia. Aibu ya kuuliza ingemwisha Kayitare siku ile ile. Mimi ile ya kunyamaza bado ninayo.

Mungu akufungue ulimi saa unayoitwa kusema, na unaowapenda wawe karibu wakusikie.