Sahani ya Mheshimiwa Baraka

Nakumbuka Jumapili moja, mwanangu, theluji imeanza kuyeyuka hapa mtaani kwetu Downsview na ukumbi wa kanisa letu unanukia pilau mpaka barabarani. Nilikuwa bado na nguvu zangu, nabeba sufuria kubwa peke yangu. Nakusimulia leo kwa sababu jana ulikuja kwangu na suti mpya, ukaniambia unataka kugombea ubunge wa jimbo. Jana nilinyamaza. Leo sinyamazi.

Siku ile tulikuwa tunampokea Baraka. Wewe unamjua kwa picha zake za ukutani. Sisi tulimjua na kamasi zake. Mama yake alikuwa akifanya kazi ya usiku ya kutunza wazee, kwa hiyo mtoto alilelewa jikoni kwa Bibi Faida, mkimbizi wa Uvira aliyetupikia sote. Baraka alikuwa anafunua sufuria mwenyewe, anajipakulia, akishiba anaosha sahani yake. Akakua, akasoma sheria. Aliposema anataka ubunge, tulizunguka maghorofa ya North York kwenye baridi inayokata masikio, tunagonga milango, naye anawaomba wazee kura kwa Kiswahili kitamu. Ukiona vyaelea, vimeundwa. Yule tulimuunda sisi.

Akashinda, akashinda tena, akasogezwa viti vya mbele bungeni, wanakokaa wakubwa wa chama. Na sisi, kwa ujinga wetu, tukaanza kumfanya mgeni. Akija kanisani anawekewa meza kuu, kitambaa cheupe, maji ya chupa, na paja la kuku lililo kubwa kuliko yote.

Sasa, miongoni mwetu alikuwepo Mama Riziki. Wakala wa vibarua alimpeleka kiwanda cha mikate, na mashine ikamkata vidole vya mkono wa kulia. Kiwanda kikasema huyu ni mtu wa wakala. Wakala akasema kaulizeni kiwandani. Baadaye ukaja bungeni muswada wa kuwabana mawakala na viwanda vya namna hiyo, na Baraka wetu akapiga kura ya hapana, kama chama chake kilivyomwagiza. Chama! Kana kwamba chama ndicho kilichomlisha utotoni.

Basi Jumapili ile, watu wanakula, Mama Riziki akasimama. Hakupiga kelele.

"Baraka, mwanangu, mbona ulisema hapana?"

Mwenyekiti wa kamati yetu akadaka kipaza sauti. "Mama, kaa chini. Mgeni anakula. Kwetu mgeni haulizwi maswali mezani."

Mgeni! Hata leo nikilikumbuka neno hilo damu inanichemka. Baraka alifuta midomo, akajibu kwa Kiingereza, maneno marefu ya uchumi na taratibu za chama, na hali anajua fika kwamba Mama Riziki hasikii Kiingereza. Kura aliiomba kwa Kiswahili. Jibu akalificha kwenye lugha nyingine.

Ndipo Bibi Faida alipotoka jikoni na aproni yake, polepole kwa sababu ya magoti. Akafika meza kuu, akaiondoa ile sahani mbele ya Baraka, paja la kuku halijaguswa.

"Toka lini mutoto wa mu nyumba anakuwa mugeni?" akamwambia kwa Kiswahili cha kwao Uvira. "Mugeni ndiye wanamupakulia. Weye sufuria unajua fasi ziko. Mama amekuuliza. Mujibu kwanza, kisha ujipakulie."

Baraka aliutazama mlango wa jikoni, na nakwambia kweli, moyoni nilimwombea ainuke. Hakuinuka. Mwenyekiti alikwenda mbio akaleta sahani nyingine, imejaa kuliko ya kwanza, Baraka akaipokea na kusema asante, na watu wakapiga makofi. Makofi ya nini? Mama Riziki alichukua koti lake akahangaika na vifungo kwa mkono mmoja. Bibi Faida akamfungia, wakatoka pamoja.

Baraka alichaguliwa tena baada ya hapo, kisha akastaafu kwa hotuba na maua. Mama Riziki mpaka leo hajapata haki yake. Mchelea mwana kulia hulia mwenyewe, na sisi tumelia vya kutosha.

Sikukatazi kugombea, mwanangu. Gombea, nami nitazunguka kukugongea milango, hata na magoti yangu haya mabovu. Ila ukipiga kura inayotuumiza, njoo utuambie usoni, kwa lugha uliyotuombea kura. Anayekuuliza hakuvunjii heshima. Anakukumbusha nani amekutuma. Anayekuwekea kuku na kumnyamazisha mwenzako, huyo ndiye wa kumwogopa. Siku wakikupakulia namna hiyo, inuka uende jikoni.

Na Jumapili hii njoo ule kwangu. Nimemwalika Mama Riziki, naye ana swali lake lilelile, anataka kusikia wewe ungesemaje. Hakuna atakayekupakulia. Sahani ziko kabatini, na kabati unalijua.

Mungu akulinde na meza kuu. Akupe masikio kabla ya kukupa kiti, na akikunyima masikio, basi na kiti akunyime. Amina.