Notisi Juu ya Sinia la Halua

Nilikuwa na somo moja tu lililonikwamisha, hisabati, na niliamini mtihani wangu ulisahihishwa ovyo. Nikaomba usahihishwe upya. Chuo kikanyamaza miezi. Bila ya matokeo hayo sina shahada, na bila ya shahada skuli moja ya Uroa isingeniajiri. Mwalimu mkuu wa huko alisema atanisubiri mpaka muhula ufunguliwe, basi.

Wakili wangu wa Vuga alinieleza kuwa Mahakama Kuu inaweza kukiamuru chuo kitoe jibu, lakini kwanza chuo kipewe notisi, na mhusika aipokee mbele ya mashahidi. Masijala ya chuo iligoma kuipokea. Mkuu wa mitihani yuko safarini, wakaniambia, na mimi namwona dirishani anakunywa chai.

Shangazi yangu akachoshwa na upuuzi huo. "Nipe mimi," akasema. "Ntampelekea kwake Mkunazini. Mbele ya mkewe hatokimbia."

Tatizo ni kwamba shangazi hajui kwenda nyumba ya watu mikono mitupu. Aliiweka bahasha juu ya sinia, pembeni yake halua, akafunika kitambaa cha kutarizi. Akajifukiza udi, akamchukua na mjomba, kanzu na koti, awe shahidi.

"Shangazi, hii ni kesi," nikamwambia.

"Kesi ndo itukoseshe adabu?"

Mkuu wa mitihani hakuwepo. Mkewe alipoliona sinia alimwambia binti yake aingie ndani. Shangazi akasema wamekuja kwa kheri, wameleta barua ya kijana wao. Mama wa watu akauliza jina langu na ninasoma wapi, akaipokea bahasha kwa mikono miwili, na kwa adabu hakuifungua mbele ya wageni. Shangazi alirudi akitamba kuwa notisi imepokelewa, tena kwa sharbati. Niliposikia habari za binti kuingizwa ndani, nikajua nimeshaposa.

Safari hii jibu halikuchelewa. Wiki haikwisha, akaja mzee wao na sinia letu, na bahasha vile vile haijafunguliwa.

"Baba mtu anashukuru kwa heshima mlompa," akasema. "Lakini mtihani wa kijana wenu uko kabatini kwake, bado haujasahihishwa upya. Na yeye bintiye hamwozi mtu ambaye hajamaliza chuo."

Nilicheka mpaka machozi, kisha nikapandwa na hasira nikashindwa kula. Mtu amenifungia kabatini, halafu ananikataa kwa kuwa sijatoka!

Wakili alifurahi kupita kiasi. Mkuu wa mitihani amekiri kuwa bahasha ilimfikia na mtihani anao, na mashahidi wapo. Akafungua kesi siku ya pili. Lakini muhula ulifunguliwa tukiwa bado tunangoja kupangiwa jaji, na Uroa wakaajiri mwalimu mwengine.

Siku nilipopata habari hiyo nilikaa barazani nimejiinamia. Majirani wakipita wananipa pole, wananiambia nisihuzunike, mabinti wako wengi.