Maiti Wenye Ufedhuli

Majirani walimpa jina la Bwana Baridi kwa miaka ishirini na miwili aliyofanya kazi mochwari, na kwa uso wake usiojua kucheka wala kununa. Siku hizi jina lilimkaa barabara. Tangu mkewe afariki, mwezi wa tano sasa, moyo ulimfa ganzi. Alikula kwa kuwa chakula kipo, akalala kwa kuwa kitanda kipo. Hakulia, na hata aibu ya kutolia hakuiona.

Jumamosi asubuhi mpwa wake, binti wa dada yake, alimletea filamu aliyohangaika kuitengeneza miaka miwili. Ilikuwa kichekesho cha kutisha kisicho na kichwa wala miguu: mhudumu wa mochwari anaongea na maiti, nao wanamjibu kwa ufedhuli.

"Mjomba, kazi iliyomo humu ni yako. Ukisema nimeikejeli, naifuta yote."

Wakashusha pazia la sebule, wakaangalia. Maiti mmoja alilalamikia maji ya baridi. Mwingine alidai viatu vyake, tena kwa matusi. Binti alichekacheka, jicho kwa mjomba. Mjomba alitazama kama anayesoma ratiba ya mabasi, mpaka mwisho.

"Haya mjomba, ni ya kweli?"

"Damu uongo, nyekundu mno. Glavu uongo, nani anavaa glavu juu ya pete? Kuongea nao, hilo kweli. 'Geuka mama, inua mkono baba.' Sote tunaongea. Ukinyamaza, kazi haiendi."

"Na inatisha?"

"Hapana."

"Basi haina maana." Machozi yakamlengalenga binti wa watu. Akanyoosha mkono kuzima televisheni.

"Mkaza mjomba wako nilimwosha mwenyewe," alisema Bwana Baridi. "Wenzangu walinikataza, nikawatoa nje. Nikamwambia, mama watoto, maji yana uvuguvugu, nimeyapima kwa kiwiko. Nikamwambia mlango wa jikoni nimeshautengeneza, ule alioulalamikia mwaka mzima. Kisha nikasimama na kitambaa mkononi, nikangoja."

Sauti haikupanda wala kushuka.

"Ukangoja nini, mjomba?"

"Aseme umechelewa, mzembe wewe. Chochote." Alitazama mikono yake. "Maiti wa filamu yako wanajibu. Usiifute."