Facture ya Parcelle na Congélateur ya Yaya

Siku bailleur, mwenye nyumba yetu, alisema congélateur ya barafu ya yaya yangu itoke mu parcelle, nilikuwa nafua nguo. Nikaacha ile kazi palepale na povu ku mikono, juu mutu akigusa yaya amenigusa mi ku jicho. Yaya, dada yangu mukubwa, njo alinilea. Mama yetu alikufa nikiwa mudogo, na wakati mi niliachia masomo ku njia kwa kukosa franga ya minerval, yaya hakuachia kunikulisha. Kwa hiyo mutu asishangae kama nawaka haraka. Nawaka kwa sababu yake.

Tunaishi Baraka, karibu na ziwa, mu parcelle, kiwanja yenye iko na milango tatu. Bailleur na bibi yake bako ku nyumba kubwa ya mbele. Yaya na mi tuko ku vyumba mbili ya nyuma. Pembeni yetu kuna mama moja, mukimbizi wa Burundi, na batoto yake. Compteur ya umeme iko moja kwa sisi bote, ku ukuta ya bailleur. Kila mwisho wa mwezi mutu wa courant anakuja kusoma namba, kiisha analeta facture moja ya kulipa, na kuigawa njo kazi ya bailleur.

Bailleur anagawa kwa ampoule, ni kusema taa zenye mutu anawakisha. Ile desturi inatoka wakati ya groupe, mashine ya kutoa umeme. Kila quartier ilikuwa na tajiri mumoja mwenye groupe, inawaka jioni, inanguruma, inatoa moshi, na we unalipa kadiri ya ampoule zako. Ampoule moja, bei moja. Télé ilihesabiwa kama ampoule mbili ao tatu, vile mulisikilizana. Kiisha courant ya jua ikakuja, na nguzo mupya, na compteur, lakini kichwa ya batu ikabakia kwa groupe. Mpaka leo ukienda kutafuta nyumba ya kupanga, bailleur anakuuliza uko na ampoule ngapi mbele akuulize jina.

Congélateur ya yaya ilihesabiwa ampoule ine. Nani alipima? Hakuna. Bailleur aliizunguka siku tulihamia, akaangalia ukubwa yake, akasema ine. Yaya akakubali. Na ile congélateur njo inatukulisha. Asubui mapema bamama ya samaki banakuja kununua barafu, banapanga samaki ya mikeke juu yake mu bidon, na banapanda moto, pikipiki, kuenda Lulimba, kwa bachimbaji wa zahabu, kwenye samaki mubichi iko na bei. Bila barafu samaki inafika inanuka. Muchana, yaya anauzisha jus ya nanasi mu sachet. Chakula, nyumba, sabuni, hata telephone yangu, vyote vinatoka mu ile sanduku nyeupe.

Bon. Facture ikakuja karibu mara mbili ya ile ya kawaida. Bailleur akatuita mu kiwanja, karatasi ku mukono, lunettes ya macho ku paji ya uso.

"Ampoule za mu vyumba hazikuongezeka," akasema. "Nimezihesabu mi mwenyewe. Kitu yenye inanguruma mu hii parcelle usiku na muchana ni moja."

Hakuna mwenye aliuliza kitu gani. Mama jirani akainamisha kichwa. Mukimbizi anajua, mambo ikiharibika mu parcelle, jina yake njo inatafutwa ya kwanza.

"Jewe, mi nitatoa ampoule yangu ya inje, papa," akasema. "Labda ni ile."

"Haiko weye, mama. Tulia." Akageukia yaya. "Mwanangu, mi sikufukuzi. Lakini ile sanduku yako, jumamosi hii, siku ya posho, nisiione tena hapa. Kama haiwezi kutoka peke yake, mutatoka nayo."

Mi nikashindwa kunyamaza. "Na télé yako, papa, yenye inaimba tangu asubui? Ile inakula maombi?"

"Naongea na dada yako."

"Dada yangu anasikia kwa masikio yangu."

"Mutoto mwanamuke na mudomo yenye inanguruma kama moto bila silencieux," akasema, na akarudia mu nyumba.

Yaya akanikamata mukono, akanivuta ku mulango yetu. "Unapigana kwa ajili yangu ao unapigana na miye?" akaniuliza. "Bailleur wengine banakatalia congélateur tangu mulango. Huyu alikubali. Sasa umemutukana."

Nikaumia, juu alisema kweli. Tulizunguka kutafuta nyumba ingine. Fasi yenye kuko courant ya muzuri, bailleur anasikia neno congélateur anasema chumba imeshakamatwa. Yaya akakata tamaa mbele yangu. Akapata muteja wa congélateur, papa moja mwenye buvette ya vinywaji karibu na port ya ziwa, na bakasikilizana akuje kuichukua ile siku ya posho. Kiisha nikamukuta anaisugua na sabuni, polepole, kona kwa kona, namna banaosha mutoto mbele ya kumupeleka safari. Hakulia. Kama angelia ingekuwa afadhali.

Mi sikusoma umeme ku école. Nilijifunza kwa kufungua bachargeur zenye zilikufa, na kwa kuangalia bavidéo mu telephone wakati mégas za internet ziko. Nilijua kitu moja: nyuma ya kila kitu ya courant kuna kipande kadogo ka bati kenye kaliandikwa namba na herufi W. Ile ni watt. Mi naiita mudomo. Kuna vitu ya mudomo kubwa na vitu ya mudomo kadogo. Lakini mutu ya mudomo kubwa akikula mara moja mu juma, hamalize chakula yako. Ule mwenye anakula bila kusimama njo anakumaliza. Kwa hiyo unakamata mudomo, unazidisha na masaa. Ukifika elfu moja, njo ile unité moja yenye unalipa ku facture. Basi, hakuna uchawi ingine.

Nilizunguka vyumba yote ya parcelle nikisoma vile vibati. Ampoule zetu nyeupe, watt saba. Pasi ya bailleur, elfu nzima, lakini bibi yake anaitumia siku ya yenga tu mbele ya misa. Télé yake, yenye nilikuwa nimehukumu tayari, ilikuwa na mudomo kadogo kuliko congélateur. Ile haikunifuraisha. Na congélateur yenyewe ilinisumbua, juu haikule sawasawa: inanguruma, inanyamaza, inanguruma tena. Nikahesabu, nikarudilia. Kila mara nilikuta hesabu haifike ku ile facture. Kulikuwa kitu ingine. Na sikuiona.

Siku ya posho asubui nikaenda kusimama mbele ya compteur. Bailleur akatoka na kikombe ya chai.

"Unalinda nini pale?"

"Papa, naomba kupima. Bote tuzimishe, kiisha tuwakishe kimoja kimoja. Ile katala kekundu, taa kadogo ya compteur, inakonyeza kila mara courant inapita. Kitu ikikula mingi inakonyeza mbiombio. Ikikula kidogo inakonyeza polepole."

"Na nani alikufundisha?"

"Nilijifundisha."

"Njo vile nilifikiri."

Bibi yake alikuwa anachambua majani ya sombe ku mulango. Hakuinua hata kichwa. "Acha mutoto apime. Hakuomba franga. Na kama congélateur itatoka, itoke na sababu."

Bailleur akakunywa chai yake, akatazama bibi yake, akatazama mi. "Pima," akasema.

Tukazimisha. Mama jirani akazimisha kwake na akaondoa hata chargeur. Bailleur akaingia mu nyumba, tukasikia télé imenyamaza. Yaya akatoa waya ya congélateur ku prise ya ukuta na akasimama ku mulango akiishika mukononi. Hakuwa na tumaini, alikuwa ananisaidia tu nisione haya peke yangu.

Nikatazama compteur. Kale katala kekundu kakakonyeza. Nikahema, kakakonyeza tena. Nikahema, tena.

"Bote mumezimisha?"

"Tumezimisha," bakasema.

"Unaona," bailleur akasema. "Congélateur."

"Papa, congélateur iko inje ya prise. Waya yake ile kwa yaya."

Bote bakageuka. Yaya akainua waya juu kidogo, kama mutoto wa masomo anaomba ruhusa. Bailleur akaweka kikombe chini. Akakuja, akainama mbele ya compteur, akashusha lunettes, akahesabu na kidole. Iliendelea kukonyeza.

"Tunaibiwa," akasema. Akaenda ku uzio ya lupango, akachungulia kwa jirani wa upande ingine, akatafuta waya juu ya mabati. Hakuna waya. Kama ni wizi, hesabu yangu haina tena kazi, na papa wa buvette alikuwa ku njia.

Njo bibi yake akauliza, mikono mu sombe: "Na kwa bakuku?"

"Kwa bakuku kuna nini?"

"Si kuna ampoule?"

"Ile si ya nyumba. Kuku haiko mulocataire, hailipe nyumba."

Tukaenda nyuma ya kikoni bote. Bailleur alikuwa ameleta vifaranga kutoka Uvira, poulets de chair, kuku za nyama, karibu na mwisho ya ule mwezi wa facture. Alibajengea kibanda ka mabao, akaziba mashimo yote, akatundika ampoule tatu. Haikuwa za kwetu. Ilikuwa zile kubwa za zamani, za mwangaza ya manjano, zenye ukigusa unaacha ngozi. Ziliwaka usiku na muchana, bila kupumzika, juu kifaranga kikisikia baridi kinakufa. Nikasoma ku kioo: mia moja. Moja peke yake ilipita ampoule zote za parcelle tukiziweka pamoja, na ya kwetu inalala, ile hailali.

"Ni ampoule tatu," bailleur akasema polepole. "Nilizihesabu. Nilizitia mu sehemu yangu. Sikuiba mutu."

Na ilikuwa kweli. Mu hesabu yake alijiongezea ampoule tatu, sawasawa na desturi, na akalipa. Zilikuwa ampoule, zinatoa mwangaza, na hazingurume. Kwa mutu wa wakati ya groupe, kitu yenye haingurume haikule.

Nilikuwa na maneno mingi tayari ku ulimi, na tamu. Nikatazama yaya, na waya yake bado ku mukono. Nikayameza.

"Papa, zimisha tu kidogo tuone," nikasema.

Akazimisha. Tukarudia ku compteur, na kale kekundu kakabakia kimya. Tukasimama pale bote tunatazama kitu yenye haifanyi kitu.

Kiisha tukawakisha kimoja kimoja. Congélateur: kakonyeza, kimya, ukaweza kusema salamu nzima, kakonyeza. Télé: polepole kupita hapo.

"Na télé yangu," bailleur akasema, "yenye inakula maombi?"

"Nilikosa, papa."

"Rudilia. Sikusikia muzuri."

"Nilikosa, papa." Bibi yake akacheka mpaka majani ya sombe ikaanguka.

Papa wa buvette akafika na pousse-pousse na vijana mbili ya kusukuma. Yaya akatazama bailleur. Bailleur akakuna kichwa.

"Mwanangu, nimekukosea," akamwambia. "Rudisha waya yako mu prise, barafu itakuwa maji."

"Kwa hiyo haiuzwe?" papa wa buvette akauliza.

"Haiuzwe," yaya akasema, na sauti yake ikatoka kubwa, mpaka yeye mwenyewe akashtuka.

"Basi munipe hata jus, jua imenichoma bure." Akakunywa mbili. Hakulipa, na hakuna mwenye alimuuliza.

Vifaranga vilianza kulia. Mama jirani akaleta mbabula yake, jiko kadogo, akatia makala kidogo yenye inawaka, akaifunika na chungu yenye kutobolewa mashimo, na akaiweka katikati ya kibanda. "Kwetu tulibalea hivi," akasema. Bailleur akachuchumaa pembeni yake, akaweka mukono juu ya chungu kupima joto, na akamuuliza makala inakaa mpaka saa ngapi.

Lakini hesabu haina ndugu, na mi napashwa kusema yote. Jioni tulikaa kugawa upya, mudomo mara masaa, na ikaonekana congélateur haikuwe ampoule ine hata siku moja. Ilikuwa inakula kupita vile yaya alikuwa analipa, tangu siku tulihamia. Nilifika pale, nikasimama. Bailleur alikuwa anaangalia kidole yangu ku karatasi. Ningeweza kuruka ule mustari, na hakuna mwenye angejua.

"Soma," yaya akaniambia.

Nikasoma kadiri yenye angepashwa kulipa. Akafunga macho kidogo, akahesabu mu kichwa, barafu ngapi, jus ngapi.

"Ni ile tu?" akauliza.

"Ni ile."

"Kila mwezi?"

"Karibu na ile. Ukiacha kufungua-fungua mufuniko, chini kidogo."

Akatoa pumzi moja ndefu. "Mi nilifikiri ni kitu mutu hawezi kujua," akasema. "Kama ni kitu ya kujua, nitalipa."

Kesho yake asubui bamama ya samaki bakakuta bei ya barafu imepanda kidogo. Bakalalamika, bakamuita mwizi, na bakanunua yote.